Nani Aliyasema Maneno Haya? Ulumbi wa Antony Kutoka Vitabu vya Historia Hadi Juliasi Kaizari

Utangulizi

Mwalimu mwenzangu, ukiwataka wanafunzi wako wataje hotuba moja ya kale iliyogeuza nia ya umati, yamkini watataja ile ya Antony mbele ya maiti ya Julius Caesar. Hata yule ambaye hajawahi kuusoma mchezo wa Shakespeare amesikia habari zake: mtu amesimama jukwaani, watu wako upande wa wauaji, naye anapomaliza kusema watu wale wale wanakimbia na mienge ya moto kuzitafuta nyumba za wauaji hao. Julius Nyerere aliutafsiri mchezo huo kwa Kiswahili, na tafsiri yake ikachapishwa mwaka 1963 kwa jina la Julius Caezar. Mwaka 1969 ilitolewa upya baada ya kurekebishwa, safari hii kwa jina la Juliasi Kaizari. Tangu hapo hotuba ile imekuwa sehemu ya fasihi ya Kiswahili, na inafaa sana kufundishia takriri, kinaya na maswali ya balagha.

Makala haya yananuia kuuliza swali ambalo mara nyingi hatuliulizi tunapofundisha tamathali hizo. Maneno yale ni ya nani? Je, ni ya Antony aliyeishi Roma, ni ya wanahistoria waliosimulia habari zake, ni ya Shakespeare au ni ya Nyerere? Nitajaribu kuonyesha kwamba hotuba tunayoijua haikutoka kinywani mwa Antony jinsi ilivyo. Ilijengwa na mikono mingi katika muda wa takribani miaka elfu mbili. Nitadai pia kwamba mwanafunzi anayelijua jambo hili huisoma balagha kwa jicho jingine. Haridhiki na kuorodhesha tamathali. Huuliza kila tamathali iliwekwa na nani, ili nani ashawishike, na kwa faida ya nani.

Balagha kama somo

Neno balagha tumelipata kutoka Kiarabu, na asili yake inahusiana na kufika. Usemi wenye balagha ni ule unaomfikia msikilizaji na kumgusa. Katika fasihi simulizi tunalo pia neno ulumbi, ambalo wanafunzi wetu hulisoma katika utanzu wa mazungumzo, sambamba na soga na malumbano ya utani. Mlumbi ni mtu aliyebobea katika kuitumia lugha mbele ya hadhira. Maneno haya mawili yanatutosha kuzungumzia sanaa ambayo Wagiriki na Warumi wa kale waliifanya kuwa msingi wa elimu yao.

Katika karne ya nne kabla ya Kristo, Aristotle aliandika kitabu kizima juu ya sanaa hiyo. Alieleza kwamba mlumbi huwashawishi watu kwa njia tatu: kwa tabia yake mwenyewe kama inavyojitokeza katika usemi, kwa hisia anazoziamsha ndani ya wasikilizaji, na kwa hoja zenyewe. Aidha, aliziainisha hotuba katika makundi matatu, yaani zile za kutoa shauri barazani, zile za mahakamani, na zile za kusifu au kulaumu. Hotuba ya mazishi imo katika kundi hili la tatu.

Warumi waliichukua elimu hiyo wakaipangia kazi tano: kuzitafuta hoja, kuzipanga, kuzivika lugha inayofaa, kuzihifadhi akilini, na hatimaye kuzitoa kwa sauti na ishara za mwili. Cicero, mlumbi wao mkuu, aliieleza sanaa hii katika kitabu chake De Oratore cha mwaka 55 KK. Karibu na mwisho wa karne ya kwanza baada ya Kristo, Quintilian aliandika vitabu kumi na viwili akieleza jinsi mlumbi anavyopaswa kulelewa tangu utotoni.

Kuna zoezi moja la shule zile ambalo linatuhusu sana hapa. Kijana alipewa mtu maarufu wa kale aliyefikwa na jambo zito, kisha akatakiwa kutunga hotuba ya kumshauri. Seneca Mzee ametuhifadhia mifano ya mazoezi hayo. Katika mmojawapo, wasemaji wanajadili kama Cicero amwombe Antony amsamehe maisha yake. Cicero alikuwa ameuawa mwaka 43 KK kwa amri ya Antony na wenzake, kwa hiyo shauri hilo halingeweza kumfaa tena. Lengo halikuwa kumwokoa Cicero. Lengo lilikuwa kumzoeza kijana kutafuta maneno ambayo yangefaa kusemwa katika hali kama ile. Msomaji, lihifadhi jambo hili akilini, kwa sababu vijana waliolelewa kwa zoezi hilo ndio waliokua wakawa wanahistoria.

Hotuba katika vitabu vya historia

Msomaji wa leo anapokuta hotuba ndefu ndani ya kitabu cha historia, hudhani kwamba kulikuwa na mtu aliyekaa pembeni akinakili. Haikuwa hivyo. Thucydides wa Athens, aliyeandika juu ya vita vya Athens na Sparta katika karne ya tano KK, aliwaambia wasomaji wake waziwazi. Alieleza kwamba ilikuwa vigumu kwake, na kwa wale waliomletea habari, kuyakumbuka maneno yenyewe yaliyosemwa. Hivyo aliwapa wasemaji maneno ambayo aliona hali iliyadai, huku akijitahidi kutotoka mbali na maana ya jumla ya yale yaliyosemwa kweli. Hotuba maarufu ya Pericles, ya kuwazika askari wa Athens waliokufa katika mwaka wa kwanza wa vita hivyo, 431 KK, imetufikia kwa njia hiyo. Tunapousifu ulumbi wa Pericles, tunausifu pia ulumbi wa Thucydides, wala hatuwezi kuutenga mmoja na mwingine.

Je, wanahistoria hao walizibadilisha hotuba kwa kiasi gani? Kwa kawaida hatuna cha kulinganisha, lakini kuna mfano mmoja ambapo tunacho. Mwaka 48 BK, Kaizari Claudius alilihutubia Baraza la Wazee la Roma akitaka wakuu kutoka Galia, nchi ambayo sehemu yake kubwa leo ni Ufaransa, waruhusiwe kuingia barazani humo. Tacitus aliisimulia hotuba hiyo katika historia yake mwanzoni mwa karne ya pili. Kisha mwaka 1528 kikapatikana mjini Lyon kibao cha shaba kilichochongwa hotuba hiyo hiyo, jinsi ilivyohifadhiwa na watu wa Galia wenyewe.

Ukizilinganisha hotuba hizi mbili unaona mengi. Claudius wa kibaoni anapotea njia mara kwa mara. Anaingia katika habari za wafalme wa kale wa Roma, anakaa huko kwa muda mrefu, kisha anafika mahali anajiita mwenyewe kwa jina na kujihimiza aifikie hoja yake. Claudius wa Tacitus hana mizunguko hiyo. Hotuba yake ni fupi, imepangika, na inasimama juu ya hoja moja, kwamba Roma ilikua kwa kuwapokea wageni na kuwafanya wenyeji. Hoja hiyo kweli ilikuwa ya Claudius. Mpangilio, ufupi na makali ya lugha ni ya Tacitus.

Tusiharakishe kumwita Tacitus mwongo. Wasomaji wake walikuwa wamepitia shule ile ile ya balagha na walijua kwamba mwanahistoria huzitunga upya hotuba. Anayepotea ni msomaji wa baadaye asiyeijua desturi hiyo, ambaye huyachukua maneno ya Tacitus akadhani anamsikia Claudius.

Antony alisema nini?

Sasa tumrudie Antony. Caesar aliuawa tarehe 15 Machi mwaka 44 KK. Mazishi yake yalifanyika siku kadhaa baadaye katika uwanja wa hadhara wa Roma. Hebu tuwaite mashahidi mmoja baada ya mwingine.

Wa kwanza ni Cicero, ambaye alikuwa hai wakati huo na mwenye kuhusika na siasa zake. Katika barua aliyomwandikia rafiki yake Atticus mwezi uliofuata, analalamika kwamba Caesar alichomwa uwanjani na kusifiwa kwa namna ya kutia huruma, na kwamba watu walitumwa na mienge kwenye nyumba za wenye msimamo kama wake. Baadaye mwaka huo, katika hotuba yake ya pili dhidi ya Antony, anamlaumu moja kwa moja kwa sifa zile, kilio kile na uchochezi ule. Cicero hatupi neno hata moja la Antony. Isitoshe, alikuwa adui yake. Na jambo la kustaajabisha ni kwamba hotuba hiyo ya pili, ijapokuwa imeandikwa kana kwamba msemaji amesimama barazani na Antony anamsikiliza, haikutolewa kamwe mbele ya hadhira. Ilisambazwa kwa maandishi.

Wa pili ni Suetonius, aliyeandika yapata miaka 160 baada ya tukio. Yeye anasema kwamba badala ya hotuba ya sifa, Antony alimwamuru mpiga mbiu asome azimio la Baraza lililompa Caesar heshima zote, pamoja na kiapo ambacho wazee wote walikuwa wameapa kuyalinda maisha yake. Kisha Antony mwenyewe akaongeza maneno machache tu. Ukimfuata Suetonius, basi hotuba kubwa tunayoijua karibu inatoweka.

Wa tatu ni Plutarch, Mgiriki aliyeishi katika kipindi hicho hicho cha Suetonius. Aliandika wasifu wa Caesar, wa Brutus na wa Antony, kila mmoja peke yake. Katika wasifu wa Caesar, watu wanaghadhabika kwa sababu ya wosia wa marehemu na kwa kuyaona majeraha yake; hotuba haitajwi. Katika wasifu wa Brutus, Antony anahutubu, na anapoona watu wameanza kuguswa analishika vazi lenye damu na kuwaonyesha mahali lilipotobolewa. Katika wasifu wa Antony, anachanganya sifa na huzuni na hasira, na mwishoni analitikisa vazi hilo huku akiwaita waliotenda kitendo kile wauaji. Mwandishi ni mmoja na tukio ni moja, lakini hotuba hujitokeza au kujificha kulingana na mtu ambaye wasifu wake unaandikwa.

Wa nne ni Appian wa Alexandria, aliyeandika katika karne ya pili. Kwake Antony anayasoma maazimio moja baada ya jingine na kuyafafanua, anaufunua mwili, analiinua vazi kwa ncha ya mkuki, kisha sanamu ya nta yenye majeraha yote 23 inainuliwa na kuzungushwa ili kila mtu aione. Wa tano ni Cassius Dio, aliyeandika mwanzoni mwa karne ya tatu. Yeye anampa Antony hotuba ndefu sana iliyopambwa kila mahali, na kabla ya kuileta anatwambia kwamba ilikuwa hotuba nzuri na yenye kung'aa, ila haikufaa kwa wakati ule.

Unaona mwelekeo wake? Waandishi walio karibu zaidi na tukio wana maneno machache ya Antony au hawana kabisa. Walio mbali zaidi wana kurasa nyingi. Haiyumkiniki kwamba watu walizidi kuikumbuka hotuba kadiri karne zilivyozidi kupita. Maelezo yanayokubalika ni kwamba zoezi lile la shuleni liliendelea. Kila mwandishi alijiuliza, Mimi ningekuwa Antony siku ile ningesema nini?

Hotuba iliyopotea

Kuna hotuba nyingine ambayo hatuizungumzii sana darasani, nayo ni ya Brutus. Katika mchezo, Brutus anahutubu kabla ya Antony, kwa lugha ya nathari iliyopimwa vizuri, akitegemea hoja na sifa yake ya uadilifu. Antony anafuata kwa ushairi. Tofauti hiyo ya maumbo inaonyesha tofauti ya wasemaji wenyewe.

Brutus wa kweli alihutubu kwenye kilima cha Capitolium baada ya mauaji, na tofauti na Antony, aliiandika hotuba yake. Mwezi wa Mei mwaka huo alimpelekea Cicero amsahihishie kabla hajaitoa kwa wasomaji. Barua ya Cicero juu ya jambo hilo ipo hadi leo. Anamweleza Atticus kwamba hotuba imeandikwa kwa umaridadi usio na kifani, katika mawazo na katika maneno. Hata hivyo, kama kesi ile ingekuwa yake yeye, angeiandika kwa moto zaidi.

Hotuba yenyewe imepotea. Tafakari jambo hili, mwalimu. Hotuba ambayo iliandikwa na msemaji mwenyewe, ikasomwa na mlumbi mkubwa kuliko wote wa zama zake, hatunayo. Hotuba ambayo pengine haikuandikwa na msemaji wake kabisa, na ambayo shahidi mmoja anadai ilikuwa maneno machache, ndiyo inayokaririwa na wanafunzi duniani kote. Historia haikuhifadhi hotuba iliyothibitishwa. Ilihifadhi ile ambayo waandishi waliona inafaa kutungwa.

Njia ya tafsiri

Shakespeare hakuandika mchezo wake kwa kutegemea Kigiriki cha Plutarch. Mwaka 1559 Jacques Amyot alimtafsiri Plutarch kwa Kifaransa. Mwaka 1579 Thomas North aliitoa tafsiri hiyo ya Kifaransa kwa Kiingereza. Kitabu cha North ndicho alichokitumia Shakespeare, na mchezo wake uliigizwa London mwaka 1599. Kutoka hapo hadi Nyerere ni zaidi ya miaka 360.

Alama za safari hiyo zimebaki ndani ya mchezo, na unaweza kuwaonyesha wanafunzi mbili kati yake. Ya kwanza ni fedha. Suetonius anasema Caesar alimwachia kila raia sestasi 300, ambayo ni fedha ya Kirumi. Katika mchezo, Antony anataja drakma 75, ambayo ni fedha ya Kigiriki. Kiasi ni kile kile, kwa kuwa dinari moja ya Kirumi ilikuwa na sestasi nne, na Wagiriki waliihesabu drakma kuwa sawa na dinari. Plutarch aliwabadilishia fedha wasomaji wake Wagiriki, na wafasiri wakaiacha jinsi ilivyo. Kwa hiyo Mrumi anawaahidi Warumi wenzake fedha za Ugiriki, kwa sababu tu aliyesimulia alikuwa Mgiriki.

Ya pili ni bustani. Plutarch anasema Caesar aliwaachia watu bustani zake zilizokuwa ng'ambo ya mto Tiber. Neno hilo lilipofika kwenye Kiingereza cha North, bustani zilikuwa zimevuka mto na kuja upande wa huku. Shakespeare akamfuata North, na Antony wa jukwaani akawaahidi watu bustani mahali ambapo hazikuwa. Kosa la mfasiri limekuwa sehemu ya ulumbi wa msemaji.

Nyerere aliingia katika mlolongo huu akiwa na mzigo mwingine. Alikuwa mwalimu kabla ya kuwa kiongozi wa nchi, na alitaka kuipanua lugha kwa kuipa kazi mpya. Alichagua kuufuata mtindo wa Shakespeare wa mashairi yasiyo na vina, wakati ambapo wengi walishikilia kwamba shairi la Kiswahili halikamiliki bila vina. Mbele yake kulikuwa na matatizo ambayo North hakuwa nayo. Chukua lile neno ambalo Antony analirudiarudia kuwasifu wauaji mpaka sifa inageuka kuwa tusi. Kwa Kiswahili mfasiri anaweza kufikiria mheshimiwa, mwungwana, mwadilifu au mwenye staha. Mheshimiwa kwetu ni cheo cha wabunge, na kinaya chake kingeuma mara moja. Mwungwana linabeba kumbukumbu ya utabaka wa miji ya pwani, waungwana na watumwa. Mwadilifu linasifu tabia bila kugusa cheo. Kila neno lingempa Antony shabaha tofauti. Usimwambie mwanafunzi Nyerere alichagua lipi. Mpe nakala alitafute, kisha mwulize lingebadilika nini kama lingewekwa jingine.

Mfano wetu wa pwani

Isidhaniwe kwamba jambo hili ni la Ugiriki na Roma pekee. Fasihi yetu ya kale inalo pia. Utendi wa Tambuka, ambao pia huitwa Chuo cha Herekali, ulitungwa na Mwengo wa Athumani kule Pate, na nakala yake ya kale ni ya mwaka 1728. Msingi wake ni msafara wa Tabuk wa mwaka 630. Kwa mujibu wa historia, jeshi la Waislamu lilifika Tabuk na halikupigana na jeshi la Rumi. Katika utendi kuna vita vikubwa, na kuna barua na maneno ya kujibizana baina ya Mtume na Herekali, yaani Kaizari Heraclius. Mtunzi alizipokea habari hizo kutoka masimulizi ya Kiarabu, akazipanga katika mizani na vina vya Kiswahili, na kuwapa wahusika ulumbi ambao hadhira ya Pate ingeutambua. Alifanya kama alivyofanya Appian. Anayeusoma utendi huo kama kumbukumbu ya mambo yaliyosemwa amekosea mlango, na anayeudharau kwa sababu maneno yalitungwa amekosea vilevile.

Darasani

Tukirudi darasani, naona hatari moja katika ufundishaji wetu wa balagha. Mitihani hutudai tutambue tamathali na kueleza umuhimu wake. Mwanafunzi hujifunza kuandika kwamba hapa pana takriri, hapa pana nidaa, hapa pana kinaya, na kwamba umuhimu wake ni kusisitiza. Anapata alama zake. Lakini msimamo wake ni ule ule wa umati wa Roma: anauvutiwa usemi bila kuuhoji.

Napendekeza maswali manne ambayo yanaweza kuulizwa juu ya hotuba yoyote, iwe katika riwaya, tamthilia, utendi au kitabu cha historia. Kwanza, nani aliyeyaandika maneno haya, na aliishi umbali gani kutoka kwa tukio? Pili, msemaji anatumia njia ipi kati ya zile tatu za Aristotle: tabia yake, hisia zetu au hoja? Tatu, ukiondoa mapambo yote, ni hoja gani inayobaki? Nne, baada ya hotuba kwisha, nani anafaidika na nani anaumia?

Swali la tatu ukilielekeza kwa Antony wa mchezoni utapata jibu linaloshangaza. Shtaka la Brutus ni kwamba Caesar alitaka kujitawaza. Antony analijibu kwa mambo matatu: kwamba Caesar aliijaza hazina ya umma, kwamba aliwalilia maskini, na kwamba alilikataa taji mara tatu. Mambo hayo hayathibitishi kwamba hakuwa na tamaa ya utawala. Mtawala wa kimabavu anaweza kuyatenda yote. Baada ya hapo hoja zinakwisha na vitu vinaingia: wosia, vazi, majeraha, maiti. Mwanafunzi aliyeligundua hilo mwenyewe ameielewa balagha kuliko yule aliyehesabu takriri kumi.

Swali la nne linatupeleka kwa Cinna. Wanahistoria wanasimulia kwamba umati uliotoka mazishini ulikutana na Helvius Cinna, mfuasi wa Caesar, ukamuua kwa kumdhania kuwa Cornelius Cinna, aliyekuwa amemsema Caesar vibaya. Plutarch, katika wasifu wa Brutus, anamtaja Cinna huyu kuwa mshairi. Shakespeare amelifanya tukio hilo kuwa onyesho fupi linalofuata mara tu baada ya hotuba. Mtu anaulizwa jina lake, analitaja, na jina linatosha kumwangamiza. Wanapogundua kwamba siye, wanatafuta sababu nyingine na kuendelea.

Onyesho hili ni rahisi kulirukia kwa sababu ni fupi na maswali ya mtihani huelekea zaidi kwenye hotuba. Nakusihi usilirukie. Sisi Wakenya tulioishi miezi ile ya kutoka Desemba 2007 hadi Februari 2008 hatuhitaji kuelezwa jinsi jina la mtu linavyoweza kumponza. Nchi yetu ilipitisha Sheria ya Uwiano na Utangamano wa Kitaifa mwaka 2008, ambayo miongoni mwa mambo mengine inaharamisha matamshi ya chuki. Sheria humshughulikia msemaji. Anayeweza kumshughulikia msikilizaji ni mwalimu, na hasa mwalimu wa lugha, kwa kuwa ndiye anayefundisha jinsi maneno yanavyofanya kazi.

Hitimisho

Makala haya hayakusudii kumpunguzia hadhi Shakespeare wala Nyerere. Hotuba ya Antony haipungui uzuri kwa sababu Antony hakuisema hivyo. Kinachobadilika ni namna tunavyoisoma. Kutoka kwa Cicero asiyenukuu chochote, kupitia Suetonius mwenye maneno machache, Plutarch mwenye vazi la damu, Appian mwenye sanamu ya nta na Dio mwenye mapambo mengi, hadi Amyot, North, Shakespeare na Nyerere, kila mmoja aliyapokea maneno, akayapima kwa hadhira yake, akayaongeza au kuyapunguza. Kumfundisha mwanafunzi mlolongo huo ni kumfundisha kwamba kila usemi fasaha umetengenezwa na mtu, mahali fulani, kwa kusudi fulani.

Kwa hiyo, mwalimu mwenzangu, utakapoifungua tamthilia hiyo tena, au hotuba nyingine yoyote iliyomo katika vitabu vinavyotahiniwa, anza na tamathali kama kawaida. Kisha lifute orodha yote ubaoni na uandike swali moja: Nani aliyasema maneno haya? Wape muda wajibu. Watakapoanza kubishana wenyewe kwa wenyewe, utakuwa umewaingiza katika somo lenyewe.